Lipiko huficha, Cassils hufunua

Klipu moja imezunguka kwenye simu za vijana hapa Mtwara na kuwasha ubishi barazani kwetu kabla kahawa haijapoa. Cassils, msanii trans (asiyejitambulisha na jinsia aliyoandikiwa alipozaliwa), mzaliwa wa Kanada anayefanyia kazi zake Marekani, yumo ukumbini kwenye giza totoro, analipiga ngumi na mateke bonge la udongo wa mfinyanzi la karibu kilo 900. Mwanga pekee ni flashi ya mpiga picha, ambaye naye haoni anachokipiga. Onyesho hilo lilianza 2012. Kabla ya hapo mwili wake mwenyewe ndio uliokuwa udongo: wiki 23 za kula na kunyanyua vyuma, ratili 23 za misuli, na picha za kufuatilia mabadiliko hatua kwa hatua. (Kiswahili hakina shida naye, "yeye" wetu haulizi mume au mke.)

Wanaomtetea wanasema mtu kuvuka mpaka wa mume na mke si jambo geni Kusini. Kwenye ngoma za Wamakonde mwanamume huvaa kinyago cha kiwiliwili, matiti na tumbo la mjamzito, na hakuna anayemshangaa. Hoja tamu. Mimi wa Newala nimeishaitumia, siku hizi siiamini sana. Lipiko, yaani huyo mchezaji wa kinyago, hufunikwa mwili mzima, huchungulia kupitia mdomo wa kinyago, na zamani mtoto hakutakiwa kujua kwamba mle ndani yumo mjomba wake. Ngoma ikiisha, uanamke unavuliwa pamoja na ule mti. Tena ni ngoma ya jando, mvulana anapofundwa uanaume! Lipiko anaficha mtu, Cassils anamfunua.

Wanaompinga wanasema basi jambo hili ni la Wazungu, liishie hukohuko. Hapo nao wananipoteza. Mwaka 1906 Mjerumani Karl Weule alipanda hadi Newala na kamera ya sinema, akatupiga picha atakavyo yeye. Kugeuzwa picha na mwingine tunakujua. Cassils kaipindua ile kamera: giza ni lake, anayepapasa ni mpiga picha.

Hoja yao nzito ni nyingine, nao wanaitaja kwa kupita tu: gharama. Huku filamu na mchezo wa jukwaani vinahitaji kibali, na kifungu cha 154 cha Kanuni ya Adhabu kinafikisha ngono kati ya wanaume hadi kifungo cha maisha. Hakisemi lolote juu ya msanii kujitambulisha vipi, lakini mtaani nani anasoma kifungu? Kijana wa Chikongola, hapa mjini Mtwara, akijaribu onyesho kama lile, sisi tunaobonyeza "nimependa" hatutakuwepo atakapoulizwa.

Jioni nilimwonyesha klipu mzee mmoja mchonga vinyago. Aliitazama mara mbili, akairudisha pale flashi inapomulika bonge.

"Ana nguvu," akasema. "Ila upande huu wa kushoto hajaugusa."

Akanirudishia simu, akashika tezo yake.