Papa hakuwa adui wa kima

Hadithi ya kima na papa wengi tumekua nayo, na karibu kila anayeisimulia huimalizia kwa onyo lile lile: usifanye urafiki na asiye wa jinsi yako. Mimi sikubali. Naona urafiki ule ulikuwa wa kweli, ila aliingia mtu wa tatu.

Utazame ule mkuyu uliosimama pwani, matawi mengine yakiangalia baharini. Kima anakula kuyu, papa chini anaomba, anatupiwa. Siku nenda siku rudi. (Papa anayekula matunda! Ndiyo raha ya ngano.) Muda wote huo meno yake hayamwashi. Hata anapombeba mgongoni kumpeleka kwao, wakiwa katikati ya maji anatoboa siri mwenyewe: sultani wetu mgonjwa, na dawa yake ni moyo wa kima. Adui gani hutangaza njama njiani? Angenyamaza tu, kima angefika huku anacheka. Maneno hayo ndiyo yanayompa kima nafasi ya kutunga uongo wake, kwamba wao mioyo huiacha mitini, na papa anamrudisha pwani akauchukue.

Hadithi hii ilifika kwetu kwa safari ndefu. Katika Panchatantra, mkusanyo wa kale wa ngano za Wahindi, yumo mamba, na anayetaka moyo ni mkewe. Katika Kalila wa Dimna, kitabu cha ngano alichokitia Kiarabu mwandishi Ibn al-Muqaffa karne ya 8, ni kobe, na mke yumo vilevile. Lakini katika masimulizi ya Unguja aliyoyachapisha mmisionari Mwingereza Edward Steere mwaka 1870, mke hayupo, yupo sultani. Kwangu mimi hapo watu wa pwani wamewazidi wenzao. Wivu wa mke ni kisingizio chepesi. Amri ya sultani, Unguja ile, kila msikilizaji aliijua: ukitumwa unakwenda, hata anayetakiwa akiwa rafiki yako.

Kima akishafika juu ya mti anamsimulia papa kisa cha punda wa dobi, aliyemponyoka simba kisha akakubali kurudishwa na sungura, akauawa. Halafu anamfukuza na kumwambia urafiki wao umekwisha. Hasemi haukuwapo.

Ninachokitamani ni nusu ya pili, ambayo hatusimuliwi: papa anarudi mikono mitupu kwa sultani mgonjwa, na lazima aeleze kwa nini alisema.