Maonyesho ya ndege Brooklands: sarakasi au shule?

Uwanja wa Brooklands, Surrey, nchini Uingereza, ulifunguliwa mwaka 1907 kwa ajili ya magari. Hugh Locke King alimwaga mali yake kwenye barabara ya zege ya kilomita 4.4 hivi, yenye kona zilizoinuliwa, ya kwanza duniani kujengwa mahsusi kwa mbio za magari. Ndege hazikuwamo katika hesabu zake. A. V. Roe alipokuja kujaribu ndege aliyoiunda mwenyewe, wasimamizi walimwona kero, na mwaka 1908 akatakiwa kuondoka.

Oktoba 1909 rubani Mfaransa Louis Paulhan akaja kufanya maonyesho ya kurusha ndege hapo mbele ya maelfu ya watu. Kiingilio kilifanya kile ambacho ubunifu wa Roe haukuweza: kiliwashawishi wenye uwanja. Msimamizi mpya, Meja Lindsay Lloyd, akawakaribisha marubani, na kuanzia 1910 vibanda vya ndege vya kukodisha vikaota katikati ya uwanja.

Wanaoyaponda maonyesho hayo kuwa sarakasi tu wana hoja nzito. Sifa zilikwenda kwa mwenye kuthubutu, si kwa fundi aliyekesha na injini. Watu walilipa kutazama hatari, na ndege za mbao na kitambaa hazikusamehe kosa. Lakini ajali hazikungoja siku za maonyesho: Mei 1912, E. V. B. Fisher na abiria wake walikufa hapo katika safari ya kawaida.

Kwangu mimi, vibanda vile ndivyo vinavyoamua kesi. Humo Hilda Hewlett na Gustave Blondeau walifungua shule ya urubani, na mwaka 1911 Hewlett akawa mwanamke wa kwanza Uingereza kupata leseni. Hata Adolphe Pégoud, aliyezungusha ndege kichwa chini miguu juu hapo Septemba 1913, aliwafundisha marubani waliomtazama kwamba ndege ikipinduka si lazima mtu afe. Hilo somo lilihitaji mtu wa kulithubutu hadharani.

Gharama ililipwa na mbio za magari. Mgeni alipewa sebule, akaishia kuchukua nyumba: mbio zilikoma 1939, na baada ya vita uwanja ukauzwa kwa kampuni ya ndege ya Vickers. Wapenzi wa magari wana haki ya kusikitika, maana barabara ile haikuwa na mfano. Hata hivyo viwanda vilivyokua hapo ndivyo vilivyounda ndege tano za abiria aina ya Super VC10 za East African Airways, zilizowabeba abiria wetu kati ya Nairobi, Entebbe na London.