Mkuki na Ngao kwa Waliokufa, Waliobaki Je?

Kila tarehe 25 Julai, Siku ya Mashujaa, Rais wa Tanzania, akiwa Amiri Jeshi Mkuu, husogea kwenye mnara wa mashujaa na kuweka mkuki na ngao. Mkuu wa Majeshi hufuata na sime, kiongozi wa mabalozi na shada la maua. Tarumbeta hulia, uwanja hunyamaza, kisha viongozi wa dini huomba dua, kila mmoja kwa imani yake. Kwa kuwa siku hiyo si ya mapumziko, wengi wetu huiona kwenye taarifa ya habari ya saa mbili usiku, basi.

Wapo wanaosema shughuli hii ifutwe, fedha wapewe wazee waliopigana. Hawakosi mfano. Mwaka 2015 Rais Magufuli alifuta sherehe za Uhuru za 9 Desemba, shilingi bilioni 4 zikaelekezwa kupanua barabara ya Morocco hadi Mwenge. Mwaka 2022 Rais Samia naye alizifuta, shilingi milioni 960 zikaenda kujenga mabweni ya wanafunzi wenye mahitaji maalumu. Kama gwaride la Uhuru liliweza kusubiri, wanauliza, la Mashujaa lina nini?

Hoja yao ina uzito, lakini siikubali. Uhuru ni sherehe, Mashujaa ni matanga. Hakuna ukoo unaofuta arobaini ya marehemu eti kwa sababu watoto wake wanadaiwa ada. Ada itatafutwa, na arobaini itasomwa. Askari waliokufa katika vita vya Kagera dhidi ya Uganda ya Idi Amin wamezikwa Kaboya, wilayani Muleba. Kwa mjane aliyeko Newala, kufika pale ni kuvuka nchi nzima, kutoka mpaka wa kusini hadi ng'ambo ya Ziwa Victoria. Dakika zile za ukimya mbele ya mnara huenda ndizo pekee katika mwaka mzima ambapo dola inasimama na kukiri kuwa mume wake alikufa kwa ajili ya dola hiyo. Tusimnyang'anye.

Hata hivyo, wanaotaka ifutwe wameona jambo ambalo waandaaji hawalitazami vya kutosha. Heshima yote ya siku ile inaelekea kwa waliokufa. Waliorudi wakiwa hai hukaa chini ya hema na nishani zao vifuani, wakisubiri wageni rasmi waondoke.

Na hao wa chini ya hema ndio waliobahatika kualikwa. Mwalimu Nyerere alipolitangazia taifa mwanzoni mwa Novemba 1978 kwamba sababu tunayo, uwezo tunao na nia tunayo, jeshi letu la kudumu, JWTZ, peke yake halikutosha. Walichukuliwa vijana wa Jeshi la Kujenga Taifa (JKT), polisi, askari wa Magereza na maelfu ya wanamgambo kutoka vijijini. Kampala ilianguka tarehe 11 Aprili 1979. Baada ya vita, aliyekuwa mwajiriwa wa jeshi alirudi kambini, jalada lake likaendelea hadi kustaafu. Mwanamgambo alirudisha bunduki na magwanda, akashika jembe. Kama alirudi na risasi mguuni, mguu ulikuwa wake na matibabu yakawa yake. Aliyekuwa na miaka 20 wakati ule sasa anakaribia 70.

Wengine watauliza kwa nini huyu apendelewe. Mkulima aliyetoa ng'ombe wake kulisha jeshi naye amezeeka bila pensheni. Nakubali kwamba uzee haupaswi kupimwa kwa gwanda, na ndiyo maana naupenda mpango wa Zanzibar, ambao tangu Aprili 2016 unampa kila mzee wa miaka 70 na kuendelea pensheni ya kila mwezi, ilioanza na shilingi 20,000. Bara tungeufuata leo, wanamgambo wengi wangepata nafuu. Lakini pensheni ya uzee haifuti fidia ya jeraha. Aliyeumia akiwa chini ya amri ya serikali anaidai serikali, na deni hilo lingekuwepo hata kama angekuwa tajiri.

Wakenya wamelipitia hili kwa njia ngumu. Katiba yao ya 2010 iliigeuza siku ya 20 Oktoba kuwa Mashujaa Dei, siku ya mapumziko kabisa. Lakini wazee wa Mau Mau walioteswa na Waingereza hawakupata fidia kwa sababu ya mapumziko wala gwaride. Walikwenda mahakamani London, na mwaka 2013 Uingereza ikakubali kulipa pauni milioni 19.9 kwa madai ya watu 5,228. Kilichowavusha ni majina, ushahidi wa majeraha na mawakili waliokataa kuchoka. Kwa hiyo wanaotaka 25 Julai nasi tuifanye ya mapumziko, mimi hawanishawishi. Mzee wa Ngara hatapata chochote kwa wewe kulala hadi saa nne asubuhi.

Mwache Rais aweke mkuki na ngao. Lakini wiki hiyohiyo, katika kila wilaya, mshauri wa mgambo afungue daftari: jina, kijiji, kikosi, alipoumia, nani alikuwa naye. Awepo daktari wa kuandika hali ya majeraha, si wa kupima presha tu na kupiga picha. Na mwenye kinasa sauti awepo, maana mengi ya vita vile yamo vichwani mwa watu ambao hawajawahi kuulizwa.

Najua hofu iliyopo serikalini. Nchi iliyohangaika na watumishi hewa itaogopa mashujaa hewa, na watajitokeza kweli. Dawa yake ni mashahidi. Karatasi hughushiwa, lakini mwongo hawezi kukaa meza moja na watu wa kikosi anachokitaja akajibu kwamba kamanda wao alikuwa nani, daraja la Kagera pale Kyaka lilipovunjwa walivukia wapi, na nani alibaki njiani. Watu wa kuuliza maswali hayo bado wapo. Kila Julai inayopita wanapungua, na daftari bado halijafunguliwa.