Tamthilia ya ubwege mbele ya kamera

Tamthilia ya ubwege ni ile inayoonyesha maisha yasiyo na maana wala mantiki. Mwaka 1961 BBC ilirusha kwenye runinga Waiting for Godot ya Samuel Beckett, ambamo watu wawili wanangoja barabarani, kando ya mti, mtu asiyefika, na mwandishi mwenyewe hakuridhika. Aliona kuwa watu wadogo aliowaandikia nafasi kubwa sasa wamekuwa wakubwa kuliko kisanduku walimotiwa. Lalamiko hilo lina uzito hadi leo. Jukwaani mtazamaji huwaona wahusika, mti na utupu uliowazunguka kwa pamoja, akaamua mwenyewe atazame wapi. Kamera humwamulia. Ikirukaruka kati ya uso wa msemaji na wa msikilizaji, maneno ya ubwege yanageuka mahojiano, naye mtazamaji anaanza kusaka siri machoni mwa mwigizaji. Siri hiyo haipo.

Kinachoumia zaidi ni kimya. Ukumbini sekunde 10 za kimya hujazwa na pumzi na vikohozi vya watu. Kwenye runinga, sauti ikizimwa kabisa, mtu hudhani seti yake imeharibika. Dawa ni rahisi: kabla mandhari hayajabomolewa, wote wanyamaze, irekodiwe dakika moja ya sauti ya chumba, kisha itandazwe chini ya kila kimya. Vituo vya kunyamaza ambavyo waigizaji walizoea kungojea kicheko vipunguzwe, maana hakuna wa kucheka. Vilivyoandikwa kwenye matini visiguswe. (Wahariri wenye haraka hufanya kinyume chake.)

Lakini kamera nayo ina hoja yake. Katika Not I, tamthilia nyingine ya Beckett ya mwaka 1972, kinywa kimoja huangaziwa gizani, juu ya jukwaa. Aliyekaa nyuma huona kidoa tu. BBC ilipoionyesha mwaka 1977, kinywa cha mwigizaji Billie Whitelaw kilijaa skrini nzima, meno, ulimi na mate, na msikilizaji bubu, mhusika wa pili aliyekuwapo jukwaani, akaondolewa. Kitu kilitolewa kafara, na kilichobaki kinatisha kuliko jukwaani.

Wanaoshindwa, kwa maoni yetu, ni wale wasiotaka kupoteza chochote: picha pana, picha za karibu, na juu yake barabara halisi yenye nyasi. Mtazamaji akiona barabara halisi atauliza inaelekea wapi. Sakafu tupu ya studio haiulizwi hivyo.

Skrini pana za 16:9 (upana 16 kwa kimo 9) zimelipunguza makali lalamiko la 1961, kwani wale wawili wa Godot wanaweza kusimama pembe mbili na pengo likaonekana. Ila wengi sasa hutazama kwenye simu, na humo watu hao wamekuwa wadogo kweli, kisanduku nacho kidogo.