Aliyelowa na anayecheka

Mtunza bustani anamwagilia. Kijana mtundu ananyata nyuma yake, anaukanyaga mpira wa maji, maji yanakatika. Yule bwana anauinua mpira achungulie tundu lake; kijana anaondoa mguu, na maji yanamrukia usoni. Filamu hiyo ya Louis Lumière, Mfaransa aliyekuwa miongoni mwa waanzilishi wa sinema, haifiki dakika moja. Ilioneshwa Paris tarehe 28 Desemba 1895, na vichekesho vingi vya sinema bubu vimepita njia hiyohiyo.

Wapo wanaouona utani huu kuwa ukatili mtupu: mtu yuko kazini, hajamkosea yeyote, nasi tunaangua kicheko kwa kuwa kalowa. Hoja hiyo siipuuzi. Ila filamu haiishii hapo. Mtunza bustani anamfukuza kijana, anamkamata, kisha anamburuta hadi mbele ya kamera ndipo anamchapa. Kamera ilisimama mahali pamoja. Angemchapia pembeni, tusingeona kitu. Adhabu imepangwa kwa uangalifu uleule wa utani, na aliyechezewa shere haachwi na aibu yake. Kwangu mimi, huo ni uungwana.

Kwenye Keystone, studio ya vichekesho ya Marekani iliyoanzishwa na Mack Sennett mwaka 1912, uungwana huo ni adimu zaidi. Mateke yanafuatana upesi mno, na aliyeanguka hapewi hata nafasi ya kukasirika. Hapo wakosoaji wana haki.

Hata hivyo, jambo linalonisumbua kuliko yote haliko kwenye pazia la sinema. Mwaka 1919 Harold Lloyd, mchekeshaji wa sinema bubu wa Marekani, alishika bomu lililodhaniwa kuwa la kuigizia, likamkata kidole gumba na cha shahada. Buster Keaton, mchekeshaji mwenzake, alivunjika mfupa wa shingo akitengeneza filamu ya 1924, akaja kugundua miaka mingi baadaye. Watetezi wa vichekesho hivyo husema waigizaji hao walikuwa watu wazima waliojua kazi yao. Kwa Keaton ni kweli kwa sehemu kubwa. Lloyd hakujua alichoshika.

Tena Keaton alianza kurushwa jukwaani na baba yake akiwa mtoto mdogo, watu wakicheka, huku chama cha kuwalinda watoto cha New York kikiiandama familia. Ukubwani alisisitiza kwamba hakuumizwa. Neno lake naliheshimu. Lakini aliyeigiza mtunza bustani wa 1895 alijua maji yanakuja. Mtoto yule, kabla ya kurushwa mara ya kwanza, nani alimuuliza?