Orodha ya mapacha wa Kiingereza haikutungwa kwa masikio yetu

Miaka kadhaa iliyopita niliandika barua ya kuacha kazi. Niliiandika usiku, nikairudia mara tatu, nikaipitisha kwenye programu ya kukagua tahajia, na hapakutokea hata mstari mmoja mwekundu. Asubuhi nikaituma. Bosi alijibu kabla ya saa nne: amefurahi kusikia nimeamua kuishi kwenye kampuni, ila angependa kujua nitatandika godoro ofisini kwa nani. Nikaifungua barua yangu mbio. "I have decided to live the company." Herufi mbili tu, "ea" badala ya "i", zingeniokoa: nilitaka "leave", kuacha, nikaandika "live", kuishi.

Kilichoniuma zaidi ya aibu yenyewe ni kwamba nilijiona bingwa wa mambo haya. Shuleni tuliimbishwa orodha ya maneno ya Kiingereza yanayotamkwa sawa na kuandikwa tofauti, nami naijua kama ninavyojua jina langu: "their" na "there", "your" na "you're", "its" na "it's", "principal" na "principle". Sikumbuki kama niliwahi kuyachanganya. "Live" na "leave" hayamo kwenye orodha ile, na wala hayawezi kuwamo, kwa sababu kwa Mwingereza hayo ni maneno mawili yenye sauti mbili. Ni sikio langu mimi lililoyafanya pacha.

Tangu siku hiyo nina msimamo ambao walimu wengi hawaupendi: orodha ile ni dawa ya ugonjwa wa mtu mwingine.

Mtazame mwenye lugha. Ameisikia na kuisema miaka mitano au sita kabla ya kushika penseli. Kwake "their" na "there" ni sauti moja, na siku anapoandika, sauti inatangulia, mkono unafuata na kuchukua tahajia yoyote iliyo karibu. Ndiyo maana utakuta mtu aliyezaliwa na Kiingereza, msomi kabisa, anaandika "your welcome" bila kupepesa jicho. Wengi wetu tulikutana na maneno hayo ubaoni. Tuliyaona kabla ya kuyasikia, na kwa jicho hayafanani hata kidogo. Kumkazania mwanafunzi wa namna hii "their" na "there" wiki nzima ni kumfundisha samaki kuogelea.

Sisi tunaanguka kwingine. Kiswahili kina irabu 5, safi, kila moja na kiti chake. Kiingereza cha Uingereza kinachofundishwa vitabuni kina sauti za irabu zipatazo 20 ukihesabu na zile zinazoteleza kutoka moja kwenda nyingine. Sauti 20 zikibisha hodi kwenye nyumba ya vyumba 5, lazima zilale kwa kubanana. "Ship" na "sheep" zinaingia chumba cha i. "Full" na "fool" chumba cha u. Chumba cha a ndicho kimefurika: "hat", "hut", "heart" na "hurt", kofia, kibanda, moyo na maumivu, wote kitanda kimoja. Na mwenye lugha ya mama isiyotenganisha l na r ana mzigo wa ziada, maana kwake kusali na kucheza, "pray" na "play", ni jambo moja. Kwa istilahi za darasa la sarufi, hayo yote ni vitate, yaani maneno yanayokaribiana kimatamshi bila kulingana. Masikioni mwetu hukaribiana mpaka yakagongana.

Hata wenyewe hawana orodha moja. London "caught" na "court" hutamkwa sawa, ilhali Mskoti anaitamka r yake na kushangaa kuna tatizo gani. Wamarekani wengi hutamka "cot" na "caught" sawasawa, jambo ambalo Mwingereza halijui. Waskoti wengi bado wanatenganisha "which" na "witch" kwa pumzi kidogo mwanzoni. Kwa hiyo mwalimu anaposema haya ndiyo maneno yanayofanana, swali la kwanza liwe: mdomoni mwa nani?

Nikiri kwamba zamani niliilaani tahajia ya Kiingereza kama kila mtu. Siku hizi naitetea. "Knight" na "night" hayakuzaliwa pacha. Ile k ilitamkwa, na ile gh ilitoka karibu na koo, jamaa wa kh yetu ya kheri. William Caxton alipofungua kiwanda chake cha kuchapa Westminster mwaka 1476, tahajia ilianza kuganda polepole, huku vinywa vikiendelea na safari yao. Katika karne zile irabu ndefu za Kiingereza zilikuwa zinahama. "Meat" na "meet", zilizokuwa na sauti mbili, zikaishia kwenye sauti moja. Herufi zikabaki nyuma zikishika nafasi, kama kiatu kilichoachwa foleni na mwenyewe kaenda zake. Kuna pacha waliogawanywa kwa makusudi pia. "Flower" na "flour", ua na unga, lilikuwa neno moja: unga mweupe uliochekechwa uliitwa ua la nafaka, sehemu yake bora. Matumizi yalipoachana sana, wakaona heri waandike tofauti.

Mara nyingine, lakini, herufi hazitoshi na pacha mmoja hufa. Kulikuwa na neno "quean", mwanamke asiye na heshima. Sauti yake ilipokuja kulingana na ya "queen", malkia, unaweza kukisia ni lipi lililofukuzwa mjini.

Sisi tunafanyaje? Tuna vitawe tele, yaani maneno yanayotamkwa na kuandikwa sawa lakini yenye maana tofauti, na tunaviandika vilevile bila wasiwasi. Kaa huyu anatembea upande. Kaa hili linaunguza. Wewe kaa chini. Paa huyu amekimbia, paa hili linavuja, na ndege imepaa. Hakuna aliyewahi kudai tubadilishe herufi, kwa sababu ngeli inatufanyia kazi hiyo, na pale inaposhindwa, sentensi yote inasaidia. Kiingereza hakina ngeli. Kwenye maandishi wamejitegemeza kwa herufi, na kwenye maneno ya mdomo wanategemea jirani wa neno, kama sisi tu.

Na jirani ndiye ninayemtaka afundishwe. Mtindo wa kuandika "stationary" na "stationery" bega kwa bega ubaoni, na mshale katikati, una kasoro moja kubwa: mwanafunzi anaondoka akikumbuka kwa uhakika kwamba kuna tofauti, ila amesahau upande upi ni upi. Kabla ya somo hakuwa na shida. Mimi mwenyewe jozi hiyo ilinitesa kwa sababu nilifundishwa kwa namna hiyo, mpaka nilipojua kwamba "stationer" alikuwa muuza vitabu mwenye kibanda cha kudumu, tofauti na wachuuzi waliozunguka. Maneno yote mawili yametoka kwenye kusimama mahali pamoja, lakini lile la karatasi na bahasha limebeba -er ya muuzaji wake. Sijakosea tena. "Hear" nalo lina sikio ndani yake, "ear", ukilitazama vizuri, na "here" lina ndugu zake wa mahali, "there" na "where", wanaofanana sura. Kwa "it's" hakuna haja ya hadithi: lifungue liwe "it is" au "it has", na sentensi ikikataa, ondoa kile kialama. Hii ya mwisho inachukua dakika moja kuifundisha. Sielewi kwa nini inapewa kurasa nne.

Muda ungebaki kwa wale wa kwetu, na hao hawatibiwi kwa daftari. Sikio ndilo linalotakiwa kufunguliwa. Mimi nilianza na simu, kwenye ile programu inayoandika unachosema. Niliketi peke yangu, mlango nimefunga, nikasema polepole: "I will leave here tomorrow." Ikaandika kwamba kesho nitaishi hapa. Nikarudia nikiivuta irabu. Nitaishi hapa. Nikaivuta zaidi, nikawa kama mtu anayeita mbuzi. Bado nitaishi hapa.

Mwisho niligundua nimelishika jambo kinyume. Ile ya "leave" ninayo tangu kuzaliwa, ni i yetu ya kawaida ikirefushwa kidogo. Inayonishinda ni ya "live": fupi, ulimi umelegea, imekaa njia panda kati ya i na e, chumba ambacho nyumba yetu haina. Alimradi sikuwa nayo, kila nilichosema kilisikika nusu nusu. Nikaanza upya na hiyo. Wiki nzima "live, live, live" nikiwa naosha vyombo, mpaka nyumbani wakaniuliza kama ni mzima.

Jana usiku nikarudi kwenye simu na sentensi yangu ya kuaga. Safari hii haikuandika "live". Iliandika "leaf", jani. Kwa hiyo irabu nimeshaipata, sasa imebaki v.