Wadhamini wakikatwa, mkopaji bado anadaiwa

Kuna habari nimesoma ya mkopaji anayesema sacco, yaani chama chake cha akiba na mikopo, isimdai tena kwa kuwa wadhamini wake wameshakatwa akiba zao. Ala! Kwani fomu ya mkopo alitia sahihi nani? Mimi nilimdhamini mwenzangu wa kazini. Alipoacha kazi, akiba yangu ikazuiwa, na kwenye slipu ya mshahara ukazuka mstari mpya: 4,300 kila mwezi. Yeye namwona kwenye statasi, yuko ufukweni Diani anakula pweza. Mdhamini akilipa, deni halifi, linahama tu: sasa namdai mimi. Kifungu cha 76 cha Sheria ya Vyama vya Ushirika ya Kenya kinapeleka mizozo ya wanachama kwa Jopo la Ushirika, linaloamua kesi za vyama hivi. Jalada langu liko huko, sasa ni miezi tisa.